Messenger kwa mama, LINE kwa bosi: mitandao ya pembeni ya Wafilipino ughaibuni, na upi ukufae wewe

Binti wa shangazi yangu anaondoka Tanga mwezi ujao kwenda Dubai, kazi ya hotelini, na swali lake la kwanza halikuwa la mshahara wala la joto. "Dada, nitampigiaje mama?" Nilicheka. Na mimi nilifika kule na programu niliyoizoea tangu nyumbani, nikidhani mambo yamekwisha. Ujumbe ulikwenda, picha zilikwenda, hata sauti za kurekodi zilikwenda. Nilipobonyeza kupiga, ikawa inaunganisha tu, inaunganisha tu, mpaka nikakata mwenyewe.

Aliyenifungua macho ni mwenzangu wa chumbani, Mfilipino wa Iloilo. Tulikuwa sita kwenye chumba kimoja Satwa, mtaa wa Dubai, kila mtu na kitanda chake na pazia lake, na wote tulimwita Ate, neno lao la dada mkubwa. Kabla ya Dubai alishafanya kazi kiwandani Taiwan. Simu yake ilikuwa na programu tano za mawasiliano, na kila moja ilikuwa na mwenyewe: hii ya mama, hii ya watoto, hii ya mawakala, hii ya kanisani, hii ya kuimba.

Ndiyo maana nikiulizwa upi mzuri, siwezi kutaja mmoja nikanyamaza. Ufilipino imekuwa ikipeleka wafanyakazi nje kwa mpango wa serikali tangu 1974, enzi za Ferdinand Marcos, na fedha walizotuma nyumbani mwaka 2024 zilipita dola bilioni 34. Watu waliozoea umbali kwa nusu karne wanauliza maswali mawili kabla ya kusakinisha chochote: upande wa pili yuko nani, na nchi niliyomo inaruhusu nini. Nimelinganisha mitandao yao ya pembeni kwa maswali hayo hayo.

Kwanza tusidanganyane kuhusu Messenger

Ukikutana na Mfilipino popote, mlango wake wa kwanza ni Facebook na Messenger yake. Chanzo kikubwa ni bei. Mwaka 2013 kampuni ya simu ya Globe iliwafungulia wateja wake Facebook bila kukata bando, na 2015 Smart ikafuata kwa mpango wa Internet.org. Bibi wa kijijini aliyeishiwa vocha akaweza kusoma alichoandika mwanawe aliye Milan. Mtandao mwingine wowote unaoingia Ufilipino unaanza mbio ukiwa nyuma kwa hatua hizo.

Kwa hiyo hakuna hata mmoja kati ya hii ninayoitaja unaochukua nafasi ya Messenger. Kila mmoja uliingia kwenye simu ya Ate kwa sababu palikuwa na mtu, au nchi, ambako Messenger haikufika.

Watafiti Mirca Madianou na Daniel Miller, waliowafuatilia akina mama wa Kifilipino waliokuwa wakifanya kazi Uingereza na watoto wao waliobaki nyumbani, waliona jambo ambalo chumbani kwetu lilikuwa la kila siku: njia zikishakuwa nyingi na rahisi, ile unayoichagua nayo inasema kitu. Siku ya mshahara ukimwandikia mumeo badala ya kumpigia video, usishangae akianza kujiuliza.

Ghuba: BOTIM, imo, na ile iliyoondolewa dukani

Falme za Kiarabu haziruhusu simu za intaneti isipokuwa kwa programu zenye kibali. WhatsApp kule ni ya kuandikiana. BOTIM ina kibali, na ndiyo maana Mfilipino ambaye Manila hakuwahi hata kuisikia anaisakinisha wiki ya kwanza Dubai. Kwa muda mrefu uliihitaji pamoja na kifurushi maalumu cha kampuni ya simu ya Etisalat, siku hizi e&, au cha du: dirhamu 50 kwa mwezi kwa simu ya mkononi, 100 kwa intaneti ya nyumbani. Sita sisi tuligawana ile ya nyumbani, haikufika dirhamu 17 kwa kila kichwa. Uliza bei ya siku utakayofika, maana vifurushi hubadilika.

Sifa ya BOTIM ni kwamba hulali na wasiwasi wa sheria. Tangu iliponunuliwa na Astra Tech ya huko huko Januari 2023, imeongezewa pia huduma ya kutuma pesa, na hilo kwa mtu anayepoteza Ijumaa nzima kwenye foleni ya dirisha la kutuma fedha si jambo dogo. Udhaifu wake uko upande wa pili. Mama naye lazima awe nayo, na kwake ni programu isiyo na jirani wala shoga hata mmoja. Ate alimwekea mamake BOTIM akiwa likizo nyumbani, akaiweka kwenye skrini ya mbele, na chini yake akabandika picha yake mwenyewe ili bibi ajue ni ya nani. Akina dada waliojaribu kuwaelekeza wazazi kwa maneno kutoka Dubai walichukua wiki mbili, tatu, na ugomvi juu.

imo ni hadithi nyingine. Ilianzishwa na Georges Harik, mmoja wa wafanyakazi wa mwanzo wa Google, na jina ilijijengea kwa kufanya kazi pale mtandao ulipo wa kuokoteza. Katika Ghuba wenyewe hasa ni Wabangladeshi, na nyumba nyingi za Waarabu wanayo, kwa hiyo Mfilipina wa kazi za ndani mara nyingi anaikuta tayari kwenye simu ya mama mwenye nyumba. Picha yake si ya kujivunia. Lakini kwenye nchi inayoiruhusu, pale Messenger inapoganda usoni mwa mtoto, imo bado inasikika. Ukiiweka, ingia kwanza kwenye mipangilio uchague nani anaweza kukupigia.

Ile ya tatu ni ToTok. Mwaka 2019 ilienea Falme za Kiarabu kama moto wa makuti, kwa sababu ilipiga video bure mahali ambapo kila mtu alikuwa akilipia. Desemba ya mwaka huo gazeti la New York Times likaandika kwamba ilikuwa chombo cha upelelezi cha serikali; Google na Apple wakaiondoa kwenye maduka yao, wenyewe wakakanusha. Mimi sikuhitaji kesi iishe ili nijifunze. Kitu cha bure kikiruhusiwa katikati ya vitu vilivyopigwa marufuku, nauliza kwa nini.

Na VPN, zile programu za kuficha uko nchi gani ili upite vizuizi? Watu wanazo, wanaambiana chini chini. Sheria ya Falme za Kiarabu inamtoza anayeitumia kutenda au kuficha kosa faini ya kuanzia dirhamu 500,000 hadi milioni 2. Kwa mshahara wa mfua mashuka hiyo ni hesabu ya vizazi.

Hapa niwaonye dada zetu wa Mombasa na Kampala wanaokwenda Saudi Arabia: msinunue ushauri wa Dubai. Saudia iliifunga Viber, programu nyingine ya kupiga simu, mwaka 2013, lakini Septemba 2017 ikaanza kufungulia simu za intaneti. Mfilipina wa Riyadh na Mfilipina wa Sharjah wanaweza kuwa ndugu wa tumbo moja na simu zao zisifanane.

Kuna na la saa. Dubai na Manila zinapishana saa nne. Ate akitoka kazini saa mbili usiku, kwao ni saa sita, watoto wamelala. Yeye alipiga alfajiri, saa kumi na mbili, wakati kwao ni saa nne asubuhi, na siku za shule aliwakosa wote wawili akabaki kutuma sauti za kurekodi. Sisi wa Tanga tulipishana na nyumbani saa moja tu, na bado tulilalamika. Kwa mtu wa saa moja, programu nzuri ya simu za moja kwa moja inatosha. Kwa mtu wa saa nne, tazama zaidi jinsi programu inavyotunza sauti na video fupi, maana hizo ndizo zitakazolea watoto.

LINE na KakaoTalk: mitandao ya bosi

Ukivuka kwenda mashariki, swali linageuka. Taiwan, Japani na Korea Kusini hakuna anayekuzuia kupiga Messenger. Tatizo ni kwamba mwajiri hayupo Messenger.

LINE ilizaliwa Japani Juni 2011, miezi mitatu baada ya lile tetemeko na tsunami vilivyoangusha simu za kawaida. Leo Taiwan, nchi ya watu milioni 23, ina watumiaji wa LINE zaidi ya milioni 20. Wafilipino wanaofanya kazi kule ni wapatao 150,000, wengi wao viwandani, na kila kinachowahusu kinapita humo: wakala, msimamizi wa zamu, mlinzi wa bweni, duka la Kifilipino linaloleta samaki wa kukausha. Wizara ya Kazi ya Taiwan yenyewe ina akaunti ya LINE kwa ajili ya wafanyakazi wa kigeni, mbali na namba ya bure ya 1955 inayopokelewa saa 24. Ate alisema LINE hakuichagua. Aliikuta mlangoni pamoja na funguo za bweni.

Sasa sikiliza kitu ambacho hakimo kwenye matangazo. LINE ukishafungua ujumbe, aliyeutuma anaona alama kwamba umesoma, na hakuna kitufe cha kuizima. KakaoTalk, ya Wakorea, ni vivyo hivyo kwa namna yake: pembeni ya ujumbe hukaa tarakimu 1, na ukiusoma ile 1 inatoweka. Kwa wapenzi ni mchezo, na Wafilipino wana neno lao la kusomwa bila kujibiwa, *seenzone*, wanalitania mpaka kwenye nyimbo za baa. Kwa mfanyakazi ni jambo zito. Msimamizi akiandika saa tano usiku kwamba kesho uje saa moja kabla, ukifungua tu umeshakubali. Ate alijifunza kusoma ujumbe wa kazi kwenye taarifa inayochungulia juu ya skrini, bila kuufungua, kama mtu anayechungulia dirishani kuona nani anabisha hodi.

Kati ya hizo mbili, LINE inakupa upana. Ukihama Taiwan kwenda Japani, ambako wanaishi Wafilipino zaidi ya 300,000, au ukipata kazi Bangkok, unaendelea nayo. Mazungumzo yake ya kawaida yamefungwa kwa usimbaji kutoka simu hadi simu, asome mwenye kuandika na mwenye kupokea tu, bila wewe kufanya lolote. KakaoTalk inakutaka ufungue mazungumzo ya siri ili upate hilo. Kasoro kubwa ya LINE inatokea siku ya kurudi. Akaunti inashikamana na namba ya simu, na laini ya Taiwan inakufa mkataba ukiisha. Usipoweka barua pepe na nywila mapema, umeachana nayo. Na ukibadilisha iPhone kwa Android, njia rahisi ya kuhamisha huwa inabeba ujumbe wa siku 14 za mwisho tu. Miaka mitatu ya bweni, siku 14.

KakaoTalk nitaipitia haraka, kwa sababu haina mjadala: ukienda Korea utaitumia, ukitoka Korea utaiacha. Ina watumiaji zaidi ya milioni 45 katika nchi ya watu milioni 51 hivi. Wafilipino wanaoingia kwa mpango wa vibali vya ajira ulioanza 2004 huikuta kwa bosi wa kiwanda siku hiyo hiyo. Lakini tarehe 15 Oktoba 2022 moto uliwaka kwenye kituo cha data Pangyo, kusini mwa Seoul, na KakaoTalk ikazima nchi nzima; huduma zake zote zilichukua zaidi ya siku tano kurejea sawasawa. Jumapili iliyofuata ilikuwa ya kesho yake. Wale waliozoea kukutana soko la Wafilipino la Hyehwa-dong, Seoul, baada ya misa ya Kitagalog, lugha yao, hawakuhitaji programu kujua pa kwenda.

Ya wazi na ya ndani

Aprili 2020 mlezi mmoja wa Kifilipino aliyekuwa akifanya kazi Yunlin, Taiwan, aliandika kwenye Facebook maneno makali dhidi ya Rais Rodrigo Duterte. Ofisa wa kazi wa Ufilipino kule akataka arudishwe kwao. Taiwan haikumrudisha, ilisema wafanyakazi wa kigeni wana uhuru wa kusema kama raia. Mambo yaliishia hapo, lakini utaelewa kwa nini maneno mazito yanahamia kwenye vikundi vilivyofungwa.

Kwa kazi hiyo Wafilipino wengi hutumia Viber. Ilianzishwa 2010 na Waisraeli, Rakuten ya Japani ikainunua 2014 kwa dola milioni 900, makao yake yako Luxembourg, na kwa namna fulani ikatia mizizi Ufilipino kuliko nchi nyingi. Kampuni, mitaa, majengo ya kupanga, wazazi wa darasa la nne: wote wana kikundi cha Viber. Wakati wa korona hata Wizara ya Afya ya Ufilipino ilitoa taarifa humo. Kwa aliye nje, Viber ndiyo inayomwingiza kwenye maisha ya kwao: anajua maji yamekatika mtaani kabla mkewe hajamwambia. Alama ya kusoma unaweza kuizima, usimbaji umekuwepo tangu 2016, na kwa Viber Out unapiga simu ya kawaida kwa bei nafuu, hata kwa babu mwenye simu ya tochi. Kwa mtu wa kwetu faida yake ni ndogo zaidi, kwa sababu kazi hizo zote Tanzania na Kenya zinafanywa na vikundi vya WhatsApp. Sikushauri uisakinishe ili ukae humo peke yako.

Ya kuimba

Sikutarajia kuiandika sehemu hii, lakini ukiishi na Wafilipino utaelewa. Ate alikuwa na Smule, ya San Francisco, ambayo unaimba nusu ya wimbo na mtu wa mbali anaimba nusu nyingine. Wengine walikesha Bigo Live, ya Singapore, iliyoanza 2016, wakizungumza mubashara na kupokea zawadi za kielektroniki. Wafilipino walitengeneza hata ya kwao, Kumu, mwaka 2018, kwa ajili ya waliopo nyumbani na waliopo nje. Nikizilinganisha: Smule inakupa sauti ya mwenzio bila kukudai uso wako, za mubashara zinakudai uso, muda, na mara nyingi pesa. Ukiwa mpweke saa saba usiku, tofauti hiyo ni kubwa. Nimeona mshahara wa nusu mwezi ukiyeyuka kwa mawaridi ya kwenye skrini.

Usihifadhi albamu kwenye kibanda cha kupanga

Kabla ya Facebook, Wafilipino walikuwa Friendster. Ilianza California 2002, ikafifia Marekani ikashamiri Manila. Mwisho wa 2009 ikanunuliwa na kampuni ya Malaysia, na 2011 ikageuzwa kuwa ya michezo. Picha na maandishi ya zamani yakafutwa mwisho wa Mei mwaka huo. Waliokuwa waangalifu walishahamia Multiply, ya Florida, iliyopendwa kwa albamu zake kubwa, ubatizo, mahafali, nyumba inayojengwa kwa pesa za Jeddah. Multiply nayo ikafunga sehemu ya picha na urafiki Desemba 2012, ikabaki soko, kisha Mei 2013 ikafungwa kabisa. Yahoo Messenger, ambayo kizazi kizima cha watoto kilitumia kuongea na wazazi, ilizimwa Julai 2018.

Ate alipoteza picha za mwanawe wa kwanza kwenye mtandao mmoja wa hiyo. Hakuwa mtu wa kulia mbele za watu. Alichofanya ni kununua kadi ya kumbukumbu kila Desemba, akaijaza, akaitia ndani ya soksi kwenye boksi la zawadi wanaloliita *balikbayan*, likapanda meli kwenda Iloilo. Ndiyo maana kwenye ulinganisho wangu "kuhifadhi picha" sikuihesabu kuwa sifa ya mtandao wowote.

Kama unataka nikuchagulie

Unakwenda Falme za Kiarabu: BOTIM kwa simu, WhatsApp kwa kuandika. Saudia: jaribu kwanza unayoitumia tayari kabla ya kulipia kitu. Taiwan au Japani: LINE, na barua pepe iwekwe siku ya kwanza. Korea: KakaoTalk kwa kazi, na moja nyingine kwa familia ili moto wa mtu mwingine usikukate na wako. Viber ikuvutie tu kama kikundi unachokihitaji tayari kimo humo.

Na chochote utakachochagua, kiweke kwenye simu ya mama wewe mwenyewe, mkiwa mmekaa mkeka mmoja, kisha nenda chumba cha pili umpigie. Apokee mara tatu. Azime, awashe, apokee tena.

Binti wa shangazi amefanya hivyo jana. Amenitumia video fupi: shangazi ameshika simu mbali na uso kama anayesoma bila miwani, BOTIM inalia, naye anamuuliza mwanawe kwa nini jina lake kama la dawa ya mbu.